Nyumba ya bloku nane

Katika mchezo wa kompyuta wa kujenga kwa bloku, unaochezwa ndani ya kivinjari, daraja langu lilikuwa na urefu wa bloku 61 na lilivuka bonde bila nguzo hata moja. Lilinila jioni nzima. Ukijenga daraja la hewani unashikilia Shift ili usidondoke, unarudi kinyumenyume hadi ukingoni, unapachika bloku kwenye ubavu wa ile uliyoikanyaga, unarudi hatua moja, unapachika nyingine. Macho yako chini muda wote, na huko chini mto unaonekana mwembamba kama uzi. Nilipofika ng'ambo nikasema sasa nalipita daraja langu kwa mbio, kama kiongozi anayezindua barabara. Kukimbia katika mchezo ule ilikuwa Ctrl pamoja na W. Nikashika Ctrl, nikabonyeza W, na ghafla natazama barua pepe zangu.

Sikudondoka, sikuungua kwa lava, wala hakuna zimwi lililonikamata. Nilifunga kichupo, yaani ule ukurasa wa mchezo kwenye kivinjari, kwa mkono wangu mwenyewe. Kwa mchezo, Ctrl na W ni mbio. Kwa kivinjari, Ctrl na W ni "funga kichupo", na hapo kivinjari ndiye mwenye nyumba, mchezo ni mpangaji tu. Nikabonyeza Ctrl, Shift na T. Kichupo kikarudi, dunia ikarudi, na daraja likarudi likiwa na bloku 14. Kumbe mchezo ulikuwa unahifadhi pale tu unapofungua menyu kwa Esc, na mara ya mwisho kuifungua ilikuwa nilipoinuka kwenda kunywa maji.

Wanaocheza kwa programu iliyosakinishwa wakisikia kisa hiki hucheka. Waliowahi kucheza kwenye kivinjari hawacheki, huuliza tu: "Na wewe?"

Nilikuwa kwenye kivinjari kwa sababu isiyo na fahari yoyote: kompyuta niliyokuwa nayo ilikuwa na kumbukumbu ya GB 4, diski imejaa, na haikuwa yangu kiasi cha kuisakinishia michezo. Baadaye niligundua kwamba sikuwa nimeingilia mlango wa nyuma. Ndiko Minecraft, mchezo maarufu wa kujenga kwa bloku, ilikoanzia. Mtunzi wake, Markus Persson, alipoitoa kwa umma tarehe 17 Mei 2009, watu waliicheza ndani ya kivinjari kupitia Java, programu-jalizi, yaani programu ya ziada inayopachikwa kwenye kivinjari. Kisha vivinjari vikaiacha ile teknolojia ya programu-jalizi. Chrome ilifunga mlango Septemba 2015, Firefox Machi 2017. Wakati huo WebGL, ambayo toleo lake la kwanza lilitoka Machi 2011, ilikuwa imekwisha kukipa kivinjari uwezo wa kuchora vitu vya pande tatu bila kuomba msaada wa nje. Kwa hiyo Mei 2019, katika kuadhimisha miaka 10, toleo kongwe la 0.0.23a_01 lilirudishwa kwenye kivinjari chini ya jina la Minecraft Classic, likiwa na bloku zake 32 na hitilafu zake za zamani zimeachwa kama zilivyokuwa. Unatuma kiungo, wenzako hadi tisa wanaingia.

Mimi niliingilia hapo. Baada ya wiki kadhaa nikahamia mchezo mwingine wa aina hiyohiyo, usio na jina kubwa, na huko ndiko yalikonikuta haya ninayosimulia.

Nyumba yangu ya kwanza ilikuwa na upana wa bloku nane. Kwa nini nane? Kwa sababu nane inasikika kama namba ya mtu mwenye akili: nusu yake nne, robo yake mbili. Nikainua kuta, nikaacha paa kwanza, nikarudi mbele kuweka mlango katikati, na katikati haikuwepo. Upana wa nane una bloku ya nne na bloku ya tano, na baina yake kuna mstari, na huwezi kutoboa mlango kwenye mstari. Nikauweka kwenye ya nne. Nyumba nzima ikaonekana kama mtu aliyevaa kofia upande. Nikaja kwenye paa. La mgongo, lenye miteremko miwili, kila tabaka hupungua bloku moja kila upande: nane, sita, nne, mbili. Halafu unabaki na bapa la bloku mbili juu kabisa, halichongoki ng'o. Ukianza na saba unapata saba, tano, tatu, moja, na paa linajifunga lenyewe.

Tangu siku hiyo sijengi shufwa. Witiri tu: tano, saba, tisa, kumi na moja. Namba witiri ina bloku ya katikati, na kwenye bloku ya katikati unaweka mlango, taa, nguzo, chochote macho yanachokitafuta kwanza. Hata duara. Kompyuta haina bloku ya mviringo, unaidanganya tu: mnara wa kipenyo cha saba ni bloku tatu sawasawa, moja ya mshazari, tatu, moja ya mshazari, hivyohivyo mpaka ukutane na ulipoanzia. Bloku 16 kwa tabaka. Ukiutazama kutoka mbali utaapa ni duara. Nimewahi kuamka usiku nikiwa nahesabu tatu, moja, tatu, moja.

Nyumba ile ya nane niliiacha, na si kwa ajili ya mlango. Mchezo ulikuwa mzito. Ukigeuza shingo, picha inafuata baada ya muda, kama mzee aliyeitwa kutoka usingizini. Nikakilaumu kivinjari, nikafungua kingine kilichokuwa kwenye kompyuta hiyohiyo, nikaanza dunia mpya, na mambo yakawa laini. Nikajiona mtaalamu. Ilinichukua miezi kujua kwamba kwenye kile cha kwanza ule mpangilio wa kuiachia kadi ya michoro kazi ya kuchora ulikuwa umezimwa, na kichakataji kikuu kilikuwa kinabeba mzigo wote peke yake. Kuuwasha ni kubonyeza mara moja.

Lakini uzito ulinifundisha kitu kingine, kwa sababu hata kwenye kivinjari cha pili niliufanikisha tena kwa mikono yangu. Nilipanda msitu. Miti mingi, majani mengi, na katikati yake nyumba ya vioo, ukuta hadi dari. Picha zikaanza kukatakata. Nikashangaa, maana nyuma yake kulikuwa na mlima mkubwa mara kumi na haukusumbua. Siri ni kwamba mchezo hauchori bloku, unachora nyuso za bloku, tena zile tu zinazoweza kuonekana. Chukua mchemraba wa mawe wa 16 kwa 16 kwa 16. Ndani yake mna bloku 4,096, zenye nyuso 24,576. Zinazotazama nje ni 1,536 tu, nyingine zimebanana giza kwa giza na hakuna haja ya kuzichora. Mlima ni ganda. Majani na vioo havifichi kilicho nyuma yake, kwa hiyo nyuso zile za ndani nazo huenda zikachorwa. Bustani yangu ndogo ilikuwa na kazi kuliko mlima mzima. Nikapunguza vioo nikabakisha madirisha, nikashusha umbali wa kuona, ukungu ukasogea karibu. Nikaupenda ule ukungu kuliko nilivyotarajia. Mnara unaotokea taratibu kwenye ukungu una heshima yake.

Kisha akaja mpwa wangu.

Yeye alikaa na kompyuta nyingine chumba cha pili, mimi nikamtumia kiungo, akaingia. Kwa kuwa dunia ilikuwa inaishi kwenye kichupo changu, mimi ndiye niliyekuwa jua na mwezi wake. Nikifunga, kwake kila kitu kinaganda na sauti inapenya ukutani: "Mjomba! Dunia imesimama!" Nikihamia kichupo kingine kusoma kitu, napo ni shida, maana kivinjari hukipunguzia nguvu kichupo kisichotazamwa. Nilijifunza kuitoa dunia iwe dirisha lake peke yake na kuiacha mbele.

Nilikuwa na chumba chini ya ziwa. Saba kwa tisa, kimo cha tatu, ukuta mmoja wa kioo unaotazama maji. Niliona fahari sana juu ya chumba hicho. Nikampeleka akione, nikageuka kuwasha taa, nikasikia mlio wa kioo.

"Nimegusa tu, mjomba."

Katika michezo hii ya zamani maji hayana adabu ya maji. Hayapungui yanapotoka, yanazaliana. Bloku moja ya maji ikipata upenyo inajaza kila nafasi iliyo sawa nayo au chini yake, na ziwa lenyewe halishuki hata kidogo. Usipoziba ufa utajenga ukuta, wanasema. Mimi nilijenga ukuta huku maji yakiwa kifuani, kihalisia kabisa, nikiweka mawe kwenye mlango wa ngazi ili yasiingie kwenye handaki zima. Tukaokoa handaki. Chumba kikabaki tangi la samaki.

Kuyatoa maji huwezi kuyachota. Unayafukuza. Tulipanda juu ya dari, tukatoboa, tukamwaga mchanga, kwa sababu mchanga huanguka wenyewe na kukaa mahali pa maji. Bloku 189 za mchanga, saba mara tisa mara tatu, kisha kioo kikazibwa, kisha bloku 189 hizohizo zikachimbuliwa moja moja. Mpwa wangu alichimba nyingi kuliko mimi bila kulalamika. Nadhani hayo ndiyo masaa aliyoyafurahia zaidi, na mimi pia, ingawa nilijitahidi nisionyeshe.

Msiba wenyewe haukuletwa na yeye. Niliuleta mimi, siku ya kufanya usafi.

Kompyuta ilikuwa imekuwa nzito, nikaamua kufuta data ya kuvinjari. Kile kidirisha unakijua: historia, faili za muda, vidakuzi na data nyingine ya tovuti. Nikaweka tiki kote, muda nikachagua wote, kwa moyo wa mtu anayefagia uwanja. Jioni nikafungua mchezo. Hapakuwa na orodha ya dunia. Palikuwa na kitufe kimoja tu: Unda dunia mpya.

Nilidhani intaneti inasumbua. Nikapakia ukurasa upya mara tatu. Nilikuwa naamini, bila kuwahi kulifikiria, kwamba kitu unachokifungua kwa anwani ya tovuti kinakaa kwenye tovuti, kule mbali, kwenye seva ya mtu. Hakikai. Mchezo ulikuwa unakuja kutoka mbali, dunia ilikuwa inakaa hapa, kwenye kabati dogo ambalo kivinjari huitengea kila tovuti ndani ya kompyuta yako. "Data nyingine ya tovuti" ndiyo lile kabati. Mnara, handaki, chumba cha ziwani, daraja la pili lililofika bloku 61 kwa jasho, vyote vilikuwa "data nyingine".

Na kabati hilo lina vituko vyake. Kivinjari hiki hakioni kabati la kile. Dirisha la hali fiche lina kabati la muda linalochomwa ukilifunga. Kivinjari cha Safari, tangu mwaka 2020, huweza kufagia kabati la tovuti usiyoigusa kwa siku 7 za kukitumia kivinjari hicho. Nafasi yenyewe ni finyu. Dunia ya 256 kwa 256 yenye kimo cha 64 ina vyumba vya bloku 4,194,304. Ukikiandikia kila chumba baiti moja umefika MB 4, na aina moja ya makabati hayo kwa kawaida hufikia ukomo kwenye MB 5 hivi. Ndiyo maana baadhi ya michezo hii haihifadhi dunia nzima. Inahifadhi mbegu, yaani namba ambayo milima na mito yote huoteshwa kutokana nayo, halafu inaweka pembeni daftari la mabadiliko: hapa paliondolewa jiwe, hapa pakawekwa ubao.

Mbegu yangu naikumbuka kwa sababu niliichagua kwa uvivu: 777.

Nikaiandika. Nikabonyeza. Na bonde likarudi. Mto uleule mwembamba kama uzi, kile kilima chenye mti mmoja uliopinda, ziwa na ufuko wake wa mchanga. Kila kitu kilikuwepo isipokuwa mimi. Hapakuwa na bloku hata moja niliyoigusa. Nilikuwa kama mtu aliyerudi kwenye kiwanja cha nyumba yao, ila amefika kabla babu yake hajakinunua. Nikatembea mpaka penye daraja, nikasimama ukingoni, nikafunga kompyuta.

Nilikaa wiki moja bila kucheza. Niliporudi nilitaka kuijenga upya kama ilivyokuwa, na hapo ndipo nilipoaibika. Sikuijua. Nyumba niliyoingia na kutoka mamia ya mara, sikujua ina ngazi ngapi. Mnara ulikuwa na madirisha mangapi? Handaki lilipinda kulia kwanza au kushoto? Nilikuwa na picha kichwani, lakini nikiikaribia kuhesabu inayeyuka.

Nilichokikumbuka kwa uhakika ni makosa. Ile ngazi ambayo nilitoboa dari bloku moja badala ya tatu, nikawa napanda na kugonga kichwa, mpaka nikaivunja na kuipanga upya. Nguzo ya tatu ya baraza niliyoizidisha nafasi moja na kuigundua baada ya kuezeka. Ukuta wa jikoni uliokuwa na sura mbaya hadi nilipourudisha ndani bloku moja na kuacha nguzo zimetokeza, zikapata kivuli. Kila mahali nilipokuwa nimebomoa palikuwa na kumbukumbu timilifu, hesabu na yote. Mahali palipokwenda vizuri mara ya kwanza pamefutika. Nikajenga kuanzia kwenye makosa, kama fundi anayefunga kamba kwenye vigingi, nikajaza katikati yake kwa kukisia. Ilitoka nyumba nyingine. Ina madirisha machache na baraza pana zaidi. Mpwa wangu anasema ya zamani ilikuwa kubwa. Mimi nasema hapana, lakini sina ushahidi.

Siku hizi mchezo wenyewe una kitufe cha kuhamisha dunia iwe faili, labda kilikuwepo tangu mwanzo. Kabla sijafunga nabonyeza Esc, nahifadhi, nahamisha faili, naipa jina la tarehe. Mbio nimezihamishia kwenye kubonyeza W mara mbili. Na pale juu ya mnara nimeweka ubao wenye vipimo: upana, kimo, idadi ya ngazi. Mtu akiuona atadhani ni mchezaji mwenye mpangilio.

Mwezi uliopita nilibofya kiungo fulani kikafunguka kwenye kile kivinjari cha kwanza, nilichokiacha kwa hasira. Sijui kwa nini nikaandika humo anwani ya mchezo. Orodha ya dunia ikatokea. Moja. Ile siku ya usafi sikufagia huku.

Nikamwita mpwa wangu, akaja akasimama nyuma ya kiti. Dunia ikapakia polepole, kama zamani, kisha nikakumbuka ule mpangilio, nikauwasha, nikaanza tena. Nyumba ilikuwepo, karibu na maji, ndogo kuliko nilivyoibeba kichwani. Bloku nane kwa sita. Paa bapa juu. Ndani palikuwa na taa moja na sanduku lenye udongo.

"Mbona mlango umekaa pembeni?" akauliza, na kabla sijajibu mkono wake ulikuwa kwenye kipanya, unatafuta ukuta wa kuvunja.

Nikamwambia asubiri. Nikabonyeza Esc, nikahifadhi, nikahamisha faili, nikangoja hadi nikaiona imefika kwenye folda. Kisha nikamwachia kiti.